Maneno Juu ya Mtaro wa Damu

4 Februari

Babu yangu,

Shikamoo. Natumaini kifua kimetulia na kwamba Shangazi anakuruhusu kutoka nje kuota jua. Mimi mzima. Mama naye mzima isipokuwa goti, ambalo anasema linatabiri mvua kuliko redio. Anakusalimu sana, anauliza kama bado unaficha vidonge chini ya mto. Nimemwambia umeacha. Usiniangushe.

Nakuandikia kwa sababu kwenye simu husikii, na Shangazi akikupokelea habari zinafika nusu, nyingine anazitia chumvi.

Nimepata ukuta, Babu. Ukuta mkubwa, ubavu wa ghala la barafu pale soko la nyama. Ninafanya kazi na mgeni mmoja, mchoraji wa rangi za kopo za kupuliza, mrefu mpaka wauza nyama wanamwita Minara. Hajui hata alifu ya Kiarabu. Lakini ana jicho! Mimi nachora mifupa ya herufi kwa chaki, napima kwa nukta kama ulivyonifundisha, isipokuwa nukta yangu hapa ni kubwa kama sahani. Yeye anaijaza rangi, anaitia kivuli, mpaka herufi inaonekana imetoka ukutani inataka kukushika bega. Tunagombana kutwa. Juzi alitaka kunyoosha mkia wa wau kwa sababu "unaharibu mstari." Nikamwambia, huo mkia una umri mkubwa kuliko nchi yenu. Alicheka, akauacha.

Maneno ni haya, kwa Kiarabu: Kila mkono hapa umemlisha mtu. Nimeyasuka kwa ule mtindo wako wa mviringo, herufi zinapitana juu na chini kama nyuzi za mkeka. Kumbe hapo ndipo shida. Hakuna anayeweza kuyasoma. Hata mwalimu wa Kiarabu wa mtaa huu alisimama, akainamisha kichwa huku na huku, akasema, "Sioni pa kuanzia." Na chini ya ukuta unapita mtaro wa damu kutoka machinjioni. Sasa wauza nyama wananong'ona kwamba nimeweka maneno ya Mungu juu ya uchafu.

Nimewasomea, hawaniamini. Nimeandika tafsiri chini kwa herufi wanazozijua, wakasema ni kifuniko. Lakini wazee wa soko wanakukumbuka wewe. Wanasema, "Mwalimu akisema, imekwisha." Naomba uandike karatasi fupi, na sahihi yako, useme maneno haya ni nini. Nimeambatisha picha.

Mjukuu wako,
Kichwa Ngumu


9 Machi

Mjukuu wangu Kichwa Ngumu,

Marahaba. Barua yako ilifika mapema, mimi ndiye niliyechelewa. Kifua kinakoroma kama paka aliyeshiba. Miguu imejaa maji. Daktari akiibonyeza, shimo la kidole linabaki. Ni kijana mpole. Nilimuuliza nimebakiza muda gani, akaniuliza nimekula nini asubuhi. Shangazi yako ni mzima na mkali. Mwambie mama yako vidonge nameza.

Picha nimeiangalia. Herufi zako za lamu zinasimama vizuri. Fundo la katikati limebana kidogo. Mtu akishafika hapo jicho halipati pa kupumua. Mimi niliusoma mara moja, lakini mimi ndiye niliyekufundisha kufunga.

Nakuomba ufute ukuta huo. Kama huwezi kuufuta, zifungue herufi, ziandike wazi, kila moja isimame peke yake hata mtoto wa madrasa aweze kuzitamka. Au chora ndege. Watu hawampigi mtu kwa sababu ya ndege.

Na huyo rafiki yako, mwambie asipande ngazi akiwa peke yake.

Karatasi unayoitaka haina faida.

Babu yako


2 Aprili

Babu,

Shikamoo. Mama anasema nianze na habari njema, basi: goti lake limepata dawa ya kuchua inayonuka mpaka kwa majirani, na anatembea. Habari njema zimeisha.

"Karatasi haina faida." Babu, umefundisha watu miaka yote ile, nusu ya wanaofundisha khati mjini hapa walikata mwanzi wa kalamu yao ya kwanza mkononi mwako, leo mjukuu wako anakuomba mistari miwili unamwambia achore ndege?

Nikueleze kilichotokea. Jumatatu tulikuta ukuta umerushiwa damu. Si rangi, damu, ndoo kwa ndoo, na matumbo yamening'inia kwenye ngazi yetu. Minara alianza kusafisha kimya kimya. Akaja kijana mmoja wa buchani, wanamwita Shoka, na wenzake.

"Wee dada, hii ni aya?"

"Si aya, kaka. Nimeshawaambia."

"Isome."

Nikasoma, nikifuata kwa kidole.

"Unajisomea unavyotaka. Hata mimi naweza kusema hapo imeandikwa jina la shangazi yangu." Wenzake wakacheka. Akamgeukia Minara. "Na wewe mnara, unachora usichokijua?"

Minara akajibu kwa Kiswahili chake cha kuokota barabarani, "Najua. Ni mikono. Mikono yenu." Akanyoosha mkono amwoneshe Shoka mkono wake mwenyewe. Nadhani Shoka aliona anashikwa. Chupa ilitoka nyuma. Ilimpasukia Minara juu ya sikio na ngozi ikafunguka mpaka kwenye shavu, nikaona jino lake kwa upande ambao jino halionekani. Mmoja alinikanyaga mgongoni nilipoinama kumshika. Mama mmoja muuza maini ndiye aliyewafukuza kwa ndoo ya maji ya moto, la sivyo nisingekuwa naandika.

Ameshonwa. Anatafuna upande mmoja. Kasema tunamaliza. Nikamwambia tuhamie mji mwingine, akanitazama kama nilivyomtazama siku ile ya mkia wa wau.

Kwa hiyo siombi tena kwa adabu. Wamesema wazi: Mwalimu aseme. Kwa nini hutaki? Mama ananiambia uliacha kalamu ghafla, ukahama mji huu mwaka huo huo, ukasema harufu ya wino inakuumiza kifua. Nilipokuwa mdogo ulinifundishia wino huo huo ukiuchanganya mwenyewe, na sikuwahi kukusikia ukikohoa.

Mjukuu wako


29 Aprili

Mjukuu wangu,

Marahaba. Shangazi yako anakusalimu. Wiki iliyopita nilianguka kati ya kitanda na dirisha, akaninyanyua kama gunia la mkaa, akasema, "Baba, kama unataka kufa niambie nitandike kwanza." Tulicheka sana. Mfurahishe mama yako kwa hilo, lakini yanayofuata usimsomee kwa sasa.

Umeuliza swali zuri na mtu ninayemfundisha haachwi na swali zuri bila jibu.

Kabla mama yako hajaolewa, alikuja mjini mgeni mmoja, mchora mabango ya maduka. Watu walimwita Kobe kwa sababu ya mkoba mkubwa wa brashi aliokuwa akiubeba mgongoni. Aliniona nikiandika, akaniomba tufanye kazi pamoja. Nilikataa mchana, nikakubali jioni. Mwalimu wa watu hakuandika kwenye kuta za barabarani wakati ule. Kazi hiyo ilikuwa ya wachora matangazo ya sabuni na soda. Kwa hiyo tulipatana: mimi nachora kwa chaki kiwanda kikifungwa, watu wakiwa wamekwenda kuswali na kula, yeye anapaka rangi asubuhi, peke yake, watu wote wakimwona. Jina langu halitajwi. Lilikuwa sharti langu.

Ukuta ulikuwa wa kiwanda cha mbao. Kobe ndiye aliyechagua maneno. Katika Kiswahili alichojifunza, alichokipenda kuliko vyote ni salamu: poleni na kazi. Alisema katika lugha yao hakuna mtu anayempa pole mtu kwa kuwa amefanya kazi. Basi nikayatia kwenye Kiarabu, nikayasuka mviringo, mkubwa kama mlango wa kiwanda. Ilikuwa kazi nzuri. Nilikuwa na kiburi nayo, nikaibana mafundo mpaka asiweze kuisoma mtu ila mimi. Huo ndio ulikuwa utamu wenyewe.

Watu walikuwa na mazoea ya kukojoa chini ya ukuta ule. Hatukulifikiria hilo. Mtu akaona herufi za Kiarabu juu, mkojo chini, akapiga kelele. Mafundi wakatoka na mbao zao. Mimi nilikuwa napita kwenda darasani, vitabu kwapani.

"Mwalimu huyo hapo! Mwalimu, njoo utusomee. Ni maneno ya Mungu au si ya Mungu?"

Kobe alikuwa juu ya ngazi. Alinitazama akatabasamu. Alidhani tumeokoka.

Mjukuu wangu, pale palikuwa na sentensi moja tu ya kusema. Lakini ningeisoma, wangejua. Usomi wangu wote usingeweza kueleza nimewezaje kulifumbua fumbo lile kwa kulitupia jicho. Wangejua mkono ni wangu. Niliona darasa langu, wazazi wa wanafunzi wangu, nikaona ule mkojo.

Nikasema, "Sijui. Siwezi kulisoma."

Nilidhani nimekaa katikati. Lakini sauti ikatoka, "Kama Mwalimu hawezi kulisoma, basi limepotoshwa! Anachezea maneno!" Wakaivuta ngazi. Alianguka chali, kopo la buluu likammwagikia usoni, akawa hana macho. Walimpiga kwa mbao zilizotoka kwenye msumeno, bado zina vipande vya miba. Mtu mmoja alisimama kooni mwake kwa mguu mmoja, akayumba, akamshika mwenzake bega asianguke. Sikio lilitoka. Kobe akaita, "Mwalimu! Mwalimu!" Watu wakacheka, kwa sababu kila mtu aliniita hivyo. Mimi peke yangu nilijua kwamba haombi msaada kwa mwalimu fulani. Ananiita mimi.

Hakusema neno jingine. Angeweza kusema, "Muulizeni yeye, ni wake." Alikuwa na pumzi ya kulisema. Hakulisema.

Mtu akanitia ubao mkononi. "Mpige, Mwalimu, wewe una haki ya kwanza." Niliupokea. Nilimpiga mkono wa kulia, nikijiambia nauchagua mkono ili nisimpige kichwani. Nilisikia mfupa. Kisha nikamrudishia mwenye ubao ubao wake, kwa mikono miwili, kama mtu anayerudisha kalamu ya kuazima.

Alikufa pale. Polisi walipouliza hakuna aliyeona kitu, nami nilikuwa mmoja wa wasioona. Sikuwahi kuugua kifua kwa wino. Nilihama kwa sababu kila jioni mafundi waliponipita walikuwa wakiniambia, "Pole na kazi, Mwalimu."

Nimeambatisha karatasi yako. Nilipaswa kuituma siku ile niliyopata picha. Niliogopa kwamba wazee watakaoiona watakumbuka ukuta mwingine. Nimeuweka hatarini uhai wa rafiki yako kwa sababu hiyo tu, na ni mara ya pili nafanya hivyo.

Babu yako


13 Mei

Babu,

Nimeandika Babu kwa mazoea. Sijui nikuite nani. Mama hajambo. Hajui kitu.

Karatasi yako ilichelewa kwa siku mbili.

Walikuja wengi, mchana kweupe. Mimi walinishika nywele, wakanikandamiza uso kwenye mtaro. Nimepoteza meno ya mbele na kuna sauti kwenye sikio haiondoki. Minara walimburuta mpaka buchani. Wakalaza mkono wake juu ya gogo la kukatia nyama. Shoka akaupiga kwa mgongo wa shoka, si kwa makali, akimwambia, "Ona tunavyokuonea huruma." Kisha mkono wa pili. Nilisikia mlio nikiwa na damu ya ng'ombe puani. Ni mlio uleule uliouandika. Nilipousoma kwenye barua yako nilikuwa tayari naujua.

Daktari ameviunga vidole anavyoweza kuviunga. Viwili wamevikata.

Nilipopata karatasi, nilifunga mdomo kwa kitambaa nikaipeleka sokoni. Mzee wa soko akaisoma, akaipeleka mbali na macho, akaileta karibu. Akasema, "Karatasi anaweza kuandika yeyote. Kama ni Mwalimu kweli, aje asimame hapa atusomee kwa kinywa chake." Shoka akaongezea kwamba kama yatakuwa ni maneno ya Mungu, wanaijua wodi aliyolazwa Minara, hata kitanda wanakijua. Wametoa mpaka Jumamosi ya tarehe ishirini na nne.

Minara hawezi kuhamishwa. Polisi wameniambia niufute ukuta, yaishe. Nikiufuta, soko litasema nimekiri.

Sikusamehe. Sina nafasi ya kufikiri hilo. Njoo.


24 Mei, kwenye meza yako

Mjukuu wangu,

Hujambo? Nauliza kama mtu anayeuliza mlango uliofungwa. Umekwenda hospitali bila kuniaga, na una haki. Mama yako amelala chumba cha pili, amechoka kwa kilio. Nimemwambia yote nilipofika. Shangazi yako alivificha viatu vyangu ili nisisafiri, ndiyo maana umeniona sokoni na kandambili.

Nataka nikuandikie nilichokiona, maana wewe ulikuwa nyuma yangu ukinishikilia kiuno, na macho yangu yaliona yasiyoyaona yako.

Ukuta wako ni mzuri kuliko wangu. Damu imekauka kwenye mkia wa wau, lakini rangi ya rafiki yako inaonekana chini yake. Nilipoinua fimbo kuonesha pa kuanzia, mashine ya kukata mifupa ilizimwa. Nikasoma neno kwa neno. Kila mkono hapa umemlisha mtu. Shoka akajitazama mikono. Wewe hukumwona, mimi nilimwona. Kisha akaificha nyuma.

Mzee wa soko akasema, "Basi. Mwalimu amesema. Ni maneno ya kawaida, tena yanatusifu." Watu wakaanza kutawanyika kirahisi hivyo. Meno yako na vidole vya kijana wa watu vimeshakuwa kitu kilichopita, kama mvua.

Ndipo nikawaambia nina jingine. Uliponiminya kiuno ulikuwa unanizuia au unanisukuma? Sijui mpaka sasa. Nikawaambia habari za Kobe. Nikawaambia ule mviringo wa kiwanda cha mbao ulikuwa mkono wangu, na maneno yalikuwa poleni na kazi, na kwamba niliulizwa nikasema sijui. Nikawaambia nilimpiga. Nilisema kwa sauti yote niliyo nayo, "Mimi ni mwuaji wa mtu yule." Baadhi yao wana umri wa kuwepo siku ile. Mmoja aliinamisha kichwa akawa anafuta kisu kisichokuwa na kitu.

Nilisubiri. Sikukudanganya nilipokuja, nilikuja nikiwa tayari. Nilijua wanavyofanya na mtu aliyechezea herufi. Kobe hakuzijua, wakamuua. Rafiki yako hazijui, wakamponda mikono. Mimi nilizijua, nikazifunga mafundo kwa kiburi, nikauficha mkono wangu, nikaacha mtu afe. Nilisema moyoni, leo ni zamu ya mwenyewe.

Mzee wa soko akasema, "Mleteeni Mwalimu kiti."

Shoka ndiye aliyekileta. Alikipangusa kwa aproni yake, pande zote, hata miguu ya kiti. "Kaa, Mwalimu. Umetoka mbali."

Nikasema, "Hamkunisikia? Nimeua."

"Tumesikia, Mwalimu. Yale yalikuwa mambo ya zamani. Kunywa maji."

"Alikuwa mtu."

"Ndiyo, Mwalimu. Jua kali hili. Kaa."

Mtu akanikinga kwa mwavuli. Mwanamke mmoja akaanza kunipepea na kipande cha boksi. Sijawahi kupigwa hivyo maishani mwangu.

Nikakaa, mjukuu wangu. Hapo ndipo ulipotoa mikono yako kiunoni mwangu ukaondoka, na nilijua umeona. Miguu ilikuwa imeisha nguvu, hiyo ni kweli, daktari atakuthibitishia. Lakini si hiyo tu. Kiti kilikuwa kizuri. Maji yalikuwa baridi. Kwa muda mfupi nilikuwa Mwalimu tena, na niliyanywa yote.

Sasa rafiki yako yuko salama kitandani kwake, nalo nashukuru. Lakini kesho asubuhi nataka kwenda kituo cha polisi kuandikisha kifo cha Kobe, nani alimpiga na nani alisema hajui. Wengine nitawataja majina, mimi wa kwanza. Nakuomba unisindikize. Si kwa ajili ya kunishika, sitaki kushikwa. Wataona mvi na uvimbe wa miguu, watasema, "Keti kwanza, mzee wetu." Wewe uwaambie huyu hakai. Nami nikikitazama kiti, ukiondoe. Nikianguka, waandike nikiwa chini.

Babu yako, kama bado ni jina langu